Kumpeleka Bi. Mwanajuma Kwake

Jamani, tangu nirudi kutoka Lindi kila mmoja wenu ameniuliza kwa njia yake: huyu kwa simu, huyu tulipokutana sokoni, yule kamtuma mdogo wangu. Mlitarajia korosho na vichekesho. Korosho nimeleta, zipo, mje mchukue. Vichekesho ni vichache. Nimeona niandike mara moja, polepole, maana kila nikisimulia kwa mdomo nikifika sehemu ya mwisho naiacha njiani.

Kwa wale ambao hamjawahi kuielewa kazi yangu, na msione haya, hata mama yangu haielewi: mimi hutengeneza filamu za maisha ya mijini, zile ambazo mtengenezaji haulizi maswali wala hamwambii mtu afanye nini. Unaweka kamera, unakaa kimya, unangoja mpaka watu wakuzoee kama walivyoizoea nguzo ya umeme. Hapo ndipo mtaa unapoanza kuishi mbele yako. Ukikohoa tu, umeharibu.

Miaka michache iliyopita nilikaa Lindi mjini nikipiga picha mtaa mmoja wa zamani. Nyumba niliyoipiga zaidi ilikuwa ya mjane mmoja, Bi. Mwanajuma. Nyumba ya mawe, mlango wa mbao uliopauka kwa chumvi, baraza pana ambalo kila mpita njia alilisalimia hata kama halina mtu. Baadaye nyumba iligawanywa kwa mirathi, aliyeinunua akaibomoa akajenga fremu za maduka. Bi. Mwanajuma akahamia Mtanda kwa binti yake Somoe, fundi cherehani. Huko akili yake ikaanza kupungua, kidogo kidogo, kama betri ya redio.

Mwezi uliopita Somoe alinipigia. Alisema kila ikifika alasiri mama yake anafunga kanga zake kwenye kifurushi, anaaga vizuri, anasema anakwenda kwake. Akizuiwa analia. Asipozuiwa anapotea. Siku moja walimkuta njia ya Mitwero, peku, amechoka. Kaka yake anayeishi Mtwara amesema akisikia tena mama katoka, anakuja kumchukua, kwake kuna geti na ukuta mrefu.

"Dada Pili," akaniambia, "mimi nimeshaanza kumfungia kwa kufuli. Namfungia mama yangu kama kuku. Sasa nisikilize. Sisi hatuna hata picha ya ile nyumba. Wewe unayo. Wewe una mlango wetu na baraza letu humo kwenye mashine zako. Mletee aione, huenda moyo ukatua."

Mimi nami niliamini. Ndiyo sababu nikaenda.

Dar hadi Nangurukuru

Mvua ilianza kabla hatujavuka Rufiji na haikutuacha. Dirisha langu lilikuwa halifungi sawasawa, nikakaa nimekumbatia begi la vifaa kama mtoto mwenye homa. Jirani yangu wa kiti alikuwa Mama Festo, mwanamke mnene mchangamfu wa Newala, anayeuza nguo za watoto sokoni Lindi. Aliniangalia kwa muda, kisha akaniuliza ndani ya begi kuna nini hata silitui.

Nikamwambia kuna nyumba.

Hakucheka. Aliomba nimweleze, nikamweleza yote, kama nilivyowaeleza ninyi. Aliponisikiliza hadi mwisho aliuliza kama filamu zangu zina muziki. Nikasema hazina. Zina mapigano? Hazina. Watu wanafanya nini sasa? Nikasema wanakaa, wanapita, wanafagia.

"Mh," akasema. "Hata mimi kwangu nina hiyo, bure."

Tukacheka pamoja, na huo ndio mwanzo wa urafiki wetu. Alinigawia maandazi na samaki mkavu aliyefungwa kwenye gazeti, nami nikampa machungwa. Yeye Mkristo wa bara kule juu, mimi Mzaramo wa Temeke, lakini njaa ya kwenye basi haina dhehebu.

Nangurukuru konda akasimama akatutangazia kwamba mbele maji yamekata barabara, hatuendi popote hadi kesho au kesho kutwa, Mungu akipenda. Watu waliguna tu. Hakuna aliyegomba. Hicho ndicho kilichonitia huzuni ya kwanza, namna walivyokuwa wamezoea. Mzee mmoja wa Kilwa akasema subira ni jambo jema. Mama Festo akamgeukia akamwambia kwamba watu wa Kilwa wana subira kwa sababu hawana pa kwenda, na yule mzee akamjibu kwamba watu wa Newala wana haraka kwa sababu kule kwao hawana maji, sasa wameyaona wanaogopa. Basi zima likacheka. Kisha kila mtu akashuka kutafuta pa kulala.

Kilwa Kivinje

Mama Festo alikuwa na mwenyeji wake Kivinje, tukaenda kwa bajaji. Tulipewa chumba kimoja, chandarua kimoja, na jioni wali wa nazi na kisamvu ambacho nakikumbuka hadi leo. Mwenyeji wetu alikuwa amefiwa na dada yake majuzi, akawa anapika kwa ajili ya watu ambao hawapo tena nyumbani, ndiyo maana kilikuwa chakula kingi.

Kama hamjafika Kivinje, niwaeleze. Ni mji uliokuwa mkubwa kisha ukasahau kuwa mkubwa. Kuna nyumba za ghorofa ambazo paa limeondoka na mti umeota katikati ya sebule, mizizi imeshuka ukutani kama vidole. Chini yake watu wanaishi maisha yao ya kawaida, wanachambua dagaa, wanasuka nywele. Asubuhi mvua ilipokatika nilitoa kamera, nikaweka miguu yake mitatu pembeni mwa barabara, nikakaa kungoja.

Sikungoja sana. Kwanza alikuja mama mmoja akasimama mbali. Kisha wakaja wanaume wawili. Baada ya muda palikuwa na kikundi, wote wanaitazama ile miguu mitatu. Mwishowe baba mmoja wa makamo, kanzu imefuliwa vizuri, akanisogelea kwa adabu kubwa akaniuliza alama nyekundu tutaziweka lini.

Hapo nikaelewa. Kwao mtu mwenye kifaa cha miguu mitatu ni mpima ardhi, na mpima akishapita, nyumba huchorwa alama ya kubomolewa. Nikamweleza mimi si mpima, ni mtu wa filamu tu. Niliwaeleza wote, nikawaonyesha hata kioo cha kamera mmoja mmoja. Wengine walitawanyika wamefurahi. Yule baba hakufurahi. Alibaki amesimama, mikono nyuma, akasema alikuwa na maneno ya kumwambia mpima, ameyapanga kwa muda mrefu, kuhusu ukuta uliojengwa na babu yake na kisima kilicho uani.

Nikamwambia pole, mimi sina mamlaka yoyote.

"Basi piga hivyo hivyo," akasema. "Wakija kuibomoa, pawe na mtu aliyeiona imesimama."

Nikampigia. Alisimama mbele ya nyumba yake akanyooka kama askari, hakusema lolote kati ya yale maneno aliyoyapanga. Nadhani yalikuwa ya mpima tu.

Kiswere na Mchinga

Kesho yake barabara ilifunguka nusu. Gari zilipitishwa taratibu zikiwa tupu, na sisi abiria tukavuka kwa miguu kwenye tope, mizigo kichwani. Kiatu kimoja cha Mama Festo kilizama, akakiaga kwa jina lake kamili kama anayemzika mtu, kisha akavua na kile kingine akamkabidhi konda akimwambia amtafutie mwenzake. Tulivuka hivyo, tukicheka na kutetemeka.

Karibu na Kiswere gari likasimama tena, safari hii injini. Ndipo simu ya Somoe ikaingia. Mama alikuwa ametoka. Somoe alikwenda kununua uzi, kufuli hakuliweka kwa sababu roho ilimkataza, na aliporudi chumba kilikuwa kitupu. Walimkuta mjini, kwenye zile fremu zilizojengwa mahali pa nyumba yake. Alikuwa ameketi kwenye kiti cha kijana anayechaji simu, anamwambia kwa upole kwamba hamfukuzi, ila aondoe vitu vyake ukumbini kabla wageni hawajafika. Kijana wa watu hakumkemea. Alimnunulia soda.

Lakini habari ilikuwa imeshafika Mtwara. Kaka alikuwa anakuja Ijumaa.

Nilimuuliza Somoe yeye anataka nini. Akasema anataka mama abaki kwake, bila kufuli. Hayo mawili tu, na kila siku analipata moja.

Mchinga tulifika mchana. Akina mama walikuwa wanauza ming'oko, ile mizizi myembamba inayochimbwa porini na kuchemshwa. Unaimenya kwa meno huku unatembea. Mama Festo alinifundisha kuila na akanisimanga nilivyokuwa naitafuna na ganda. Nilikula huku nimeshika simu mkononi, sikusikia ladha. Yeye aliona. Akaniambia kwamba mama yake mwenyewe, kabla hajafa, alimwita kwa jina la shangazi yake mwaka mzima, naye aliitika. Nikamuuliza haikumuuma? Akasema ilimuuma, ndiyo, lakini msimu wa korosho ulikuwa umefika na kazi ni nyingi, mtu akiita unaitika.

Tuliagana stendi ya Lindi. Alikwenda peku, mzigo kichwani, bila kugeuka nyuma.

Lindi

Nyumba ya Somoe ipo kilimani Mtanda, vyumba viwili, bati jipya, cherehani mlangoni. Bi. Mwanajuma alikuwa amepungua mwili lakini alikuwa nadhifu, kanga imekaa sawa, wanja machoni. Nikamwamkia shikamoo. Akaitika marahaba, akauliza mimi ni wa nani, nikamtajia, akasema anaijua familia yetu vizuri sana, ambayo hajawahi kuiona. Kisha akamuuliza Somoe kama mgeni amepewa maji. Adabu ilikuwa bado ipo mahali pake. Nataka mlio na wazee majumbani mlijue hili, linatia moyo: vitu vingi huondoka, lakini adabu mara nyingi hubaki hadi mwisho, kama msingi wa nyumba. Sikujua kwamba ingekuja kutuumiza.

Tulikubaliana tumwonyeshe kesho yake alasiri, saa ambayo moyo wake huanza kuhangaika. Somoe aliazima televisheni kubwa kwa jirani. Tukaiweka juu ya meza, tukashusha mapazia. Kamera yangu niliiacha ndani ya begi. Bi. Mwanajuma alikuwa tayari na kifurushi chake mapajani, amevaa viatu.

Filamu inaanza na picha moja ndefu, isiyokatwa, kamera ikitazama nyumba kutoka ng'ambo ya barabara. Mlango, baraza, ukuta. Ilipotokea, Bi. Mwanajuma alishika mkono wa binti yake.

"Haa," akasema. "Si hapo?"

Somoe akasema ndiyo mama, ni hapo. Akawa anatazama na kutaja: huyo muuza kahawa, huyo mtoto wa mwalimu, yule mbuzi ni wa jirani, mchokozi yule. Majina yote sahihi. Somoe alikuwa analia kimyakimya, machozi ya furaha, akanikonyeza kana kwamba tumeshinda. Nami nilifikiri tumeshinda.

Kisha Bi. Mwanajuma akasogeza uso mbele. Barazani, kwenye picha, palikuwa na mwanamke ameketi anasuka ukili wa mkeka.

"Yule nani aliyekaa kwangu?"

"Ni wewe, mama."

Akamtazama binti yake kwa huruma, kama mtu anayesikia mtoto akisema upuuzi. "Mimi si nipo hapa?"

Kwenye picha yule mwanamke aliinuka, akakung'uta kanga, akaingia ndani. Mlango ukabaki umerudishwa. Baada ya hapo hakuna linalotokea kwa dakika kadhaa, ni baraza tupu na mlango na watu wakipita. Hiyo ndiyo sehemu niliyokuwa najivunia kuliko zote, kwa sababu ya utulivu wake.

Bi. Mwanajuma akasimama. Akaweka kanga vizuri kichwani, akashika kifurushi, akaiendea televisheni. Hakusimama mbele ya kioo. Alisimama ubavuni, uso ameugeuza pembeni, kama anavyosimama mtu mwenye heshima zake mlangoni pa watu, asije akaona ya ndani.

"Hodi," akasema.

Akangoja.

Kwa wenzangu wa bara, niwaeleze, maana huku pwani jambo hili halina mzaha. Hodi hupigwa mara tatu. Baina ya moja na nyingine unampa mwenye nyumba nafasi ya kuvaa, kumaliza sala, kuweka mtoto chini. Ukiitikiwa unaingia. Ikifika ya tatu hujaitikiwa, unaondoka, hata kama unasikia watu ndani, na huweki kinyongo. Mwenye nyumba ana haki ya kutokupokea. Bi. Mwanajuma alifundishwa hivyo tangu utotoni, na haikuwa miongoni mwa vitu vilivyompotea.

"Hodi wenyewe. Asalaam aleikum."

Kwenye picha baiskeli ilipita. Somoe alinitazama, mimi nikamtazama. Neno lilikuwa moja tu, na yeyote kati yetu angeweza kulitamka. Lakini Somoe alikuwa amefunika mdomo kwa kanga asisikike akilia, na mimi nilikaa kama ninavyokaa siku zote mbele ya ile picha, bila kupumua, nisije nikaharibu.

"Hodi hapa," akasema mara ya tatu, taratibu zaidi.

Alingoja muda wa kutosha. Kisha akatikisa kichwa kidogo, bila hasira, akageuka. Alitutazama sisi wawili tulioketi kwenye mkeka, akamchagua Somoe.

"Dada yangu, samahani," akamwambia binti yake. "Nilikuja kwa hawa hapa, hawakunipokea. Jua linakwenda na mimi ni mtu mzima. Unaweza kunisitiri?"

Somoe akainuka akampokea kifurushi. Akamwambia karibu, pale ni kwake. Bi. Mwanajuma akashukuru, akavua viatu mlangoni mwa nyumba ambayo tayari alikuwa ndani yake, akauliza aketi wapi.

Baada ya hapo

Kaka alikuja Ijumaa kama alivyoahidi. Mwanamume mkubwa, mkimya, amekuja na gari la kuazima. Alikuta mlango wazi. Mama yake alimwamkia kama anavyoamkiwa mgeni wa mwenye nyumba, akamsogezea kigoda. Alasiri ikaja, ikapita. Hakufunga kanga. Hakuaga. Kaka alingoja hadi magharibi, akasali, akamwambia dada yake kwamba haoni sababu ya kumhamisha. Aliondoka bila kula, na nilimwona amekaa ndani ya gari kwa muda mrefu kabla ya kuliwasha.

Kwa hiyo Somoe alipata yote mawili. Mama yupo kwake, na kufuli limerudi kabatini. Aliniambia hivyo mwenyewe, tukiwa uani tunaosha vyombo, akarudia kama anayejaribu kuizoea sauti yake. Nilimwomba msamaha. Akasema nisimwombe, yeye ndiye aliyeniita. Kisha akaniambia usiku mama alimwomba ruhusa ya kunywa maji.

Niliendelea kukaa kwa sababu sikujua namna ya kuondoka. Asubuhi niliyopanga kusafiri, Bi. Mwanajuma alitoka chumbani amejifunga kanga ya kazi. Alimwendea Somoe kwenye cherehani akasema yeye ni mgeni, na siku za kukaa bure zimekwisha.

"Siku ya tatu mpe jembe," akasema. "Nipe kazi, mwanangu. Sipendi kulemea watu."

Somoe akamletea ungo na choroko. Akaketi kizingitini, anachambua, mawe huku, choroko huku, kwa uangalifu wa mtu anayetaka asionekane mvivu kwa watu. Niliketi karibu naye nikawa namsaidia. Somoe alisimamisha cherehani. Nadhani alikuwa amelibeba lile swali tangu siku ile, akaona aliulize sasa, mimi nikiwapo.

Alimuuliza kama hatamani kwenda kwake.

Bi. Mwanajuma hakuinua kichwa. Aliokota jiwe, akalitupa uani.

"Kule nilibisha, hawakuniitika," akasema. "Hapa nimepokewa."